Aliyemwandika Derrick: Herbert Reinecker na tamthilia za upelelezi za Ujerumani

Mwezi wa Aprili 2013 vyombo vya habari vya Ujerumani vilifichua kwamba Horst Tappert, mwigizaji aliyefariki dunia mwishoni mwa mwaka 2008, alikuwa askari wa Waffen-SS, tawi la kijeshi la SS, kikosi cha chama cha Nazi cha Hitler, wakati wa Vita Vikuu vya Pili vya Dunia, jambo ambalo hakuwahi kuliweka wazi alipokuwa hai. Kwa miaka 24 Tappert ndiye aliyekuwa Inspekta Stephan Derrick, mpelelezi mtulivu wa jiji la Munich ambaye vipindi vyake viliuzwa katika nchi zaidi ya 100. Baada ya habari hizo kutoka, shirika la televisheni la ZDF, lililokuwa limeuonyesha mfululizo huo tangu mwanzo, lilitangaza kwamba halina tena mpango wa kuurudia.

Uamuzi huo haukuwashangaza wengi, lakini ukiupima vizuri una jambo lisilokaa sawa. Kila neno lililotoka kinywani mwa Derrick, kila swali alilomwuliza mshukiwa na kila hukumu ya kimaadili aliyoitoa akiwa amesimama mlangoni mwa jumba la tajiri fulani, liliandikwa na mtu mmoja, naye hakuwa Tappert. Mtu huyo, Herbert Reinecker, naye alikuwa amevaa sare ya Waffen-SS, tena si kama askari wa kawaida, bali kama mwandishi wa habari za vita katika idara ya propaganda. Historia yake haikuwa siri hata kidogo, kwa kuwa alichapisha kumbukumbu za maisha yake mwaka 1990, na filamu na tamthilia alizoandika zama za Hitler zilikuwa na jina lake. Hata hivyo ZDF iliendelea kumpa kazi hadi uzee wake, na watazamaji wakaendelea kuketi mbele ya televisheni. Mwigizaji alipogundulika, mfululizo ulitolewa hewani; mwandishi alijulikana miaka yote na hakuna kilichotokea. Ili kuelewa jinsi hilo lilivyowezekana, ni lazima kwanza kuelewa kazi ya mwandishi wa tamthilia za televisheni nchini Ujerumani, na hakuna maisha yanayoieleza kazi hiyo vizuri kuliko ya Reinecker.

Alizaliwa Hagen, mji wa viwanda wa magharibi mwa Ujerumani, tarehe 24 Desemba 1914. Katikati ya miaka ya 1930, akiwa bado kijana wa miaka ishirini na kitu, aliingia katika magazeti ya Vijana wa Hitler na kupanda haraka hadi kuwa mhariri mkuu wa jarida la watoto wa jumuiya hiyo mjini Berlin. Kutoka hapo aliingia kwenye maigizo. Tamthilia yake ya jukwaani ya mwaka 1942, Das Dorf bei Odessa, yaani kijiji kilichoko karibu na Odessa, ilikuwa na ujumbe ambao utawala ulitaka kuusikia kuhusu vita vya mashariki. Mwaka 1944 ilitoka filamu ya Junge Adler, aliyoiandika pamoja na mwongozaji Alfred Weidenmann, inayowahusu vijana wanafunzi katika kiwanda cha ndege, na ambayo ndani yake Hardy Krüger, aliyekuja kuwa nyota wa kimataifa, alionekana kwenye sinema kwa mara ya kwanza. Katika wiki za mwisho za vita, majeshi ya adui yakiwa tayari ndani ya Ujerumani, Reinecker bado alikuwa akiandika makala katika Das Schwarze Korps, gazeti la SS.

Nimeyataja haya kwa kirefu kwa sababu masimulizi mengi kuhusu Reinecker huyagawa maisha yake mapande mawili, la mwandishi wa propaganda na la mwandishi wa upelelezi, kana kwamba mwaka 1945 alizaliwa mtu mwingine. Mgawanyo huo unatuliza mioyo, lakini hausaidii kuielewa kazi yenyewe. Alichojifunza katika magazeti na studio za Berlin kilikuwa ujuzi mahususi: kuandika kwa agizo, kwa urefu uliopangwa, kwa tarehe isiyosogezwa, kwa ajili ya taasisi kubwa yenye matakwa yake, na kwa lugha ambayo mtu yeyote ataielewa kwa kusikia mara moja tu. Huo ndio ujuzi ambao televisheni, ilipokuja, iliuhitaji kuliko mwingine wowote.

Baada ya vita aliishi kwanza kwa kuandika katika eneo la Pfalz, kisha sinema ya Ujerumani Magharibi ikampokea. Mwaka 1954 Weidenmann aliongoza Canaris, filamu kuhusu mkuu wa ujasusi wa jeshi aliyeuawa na utawala wa Hitler, na mswada wake ulimpatia Reinecker tuzo ya filamu ya taifa. Mwaka 1957 wawili hao walitoa Der Stern von Afrika, kuhusu rubani wa kivita katika jangwa la Afrika Kaskazini. Filamu za aina hii zilipendwa sana wakati ule, kwa kuwa zilimwonyesha mwanajeshi wa Kijerumani kama mtu mwadilifu aliyenaswa na zama mbaya, na watazamaji waliotoka katika zama hizo hizo walitamani kujiona hivyo. Katika miaka ya 1960 soko lilipobadilika, Reinecker alibadilika nalo. Aliandika miswada kadhaa ya filamu zilizotokana na hadithi za Edgar Wallace, mwandishi Mwingereza wa hadithi za uhalifu, zenye ukungu wa London uliotengenezwa katika studio za Ujerumani, baadhi yake akitumia jina la bandia la Alex Berg.

Televisheni nayo ilikuwa imeshagundua nguvu ya upelelezi. Mwezi wa Januari 1962 hadithi ya sehemu sita ya Mwingereza Francis Durbridge, iliyoonyeshwa kwa jina la Das Halstuch, iliacha mitaa ikiwa mitupu kila ilipokuwa hewani. Mchekeshaji Wolfgang Neuss alipoweka tangazo gazetini kumtaja muuaji kabla ya sehemu ya mwisho, alilaaniwa kana kwamba ameliibia taifa. Kulikuwa pia na Stahlnetz, mfululizo uliodumu tangu 1958 hadi 1968, ambao mwandishi wake Wolfgang Menge alitumia majalada ya kesi halisi na kuwaonyesha polisi wakifanya kazi ya kuchosha ya kila siku: kupiga simu, kubisha hodi, kulinganisha maelezo. Menge na Reinecker walifuata njia mbili tofauti kabisa. Menge alitaka mtazamaji ajue jinsi polisi wanavyofanya kazi. Reinecker hakulijali sana suala hilo; alichotaka ni mtazamaji ajiulize kwa nini mtu anaua.

Nafasi yake ilikuja kupitia mtayarishaji Helmut Ringelmann. ZDF, iliyoanza kurusha matangazo tarehe 1 Aprili 1963 kama chombo cha pili cha umma kikishindana na ARD, muungano wa mashirika ya utangazaji ya mikoa, ilihitaji kitu cha kuwafunga watazamaji Ijumaa jioni. Tarehe 3 Januari 1969 ilionyesha kipindi cha kwanza cha Der Kommissar. Erik Ode alikuwa Keller, ofisa mpelelezi wa makamo anayevuta sigara, akizungukwa na wasaidizi watatu na katibu mmoja ofisini Munich. Mfululizo ulirekodiwa kwa rangi nyeusi na nyeupe hadi kipindi cha mwisho tarehe 30 Januari 1976, ingawa televisheni ya rangi ilikuwa imeanza Ujerumani Magharibi tangu 1967. Vipindi vilikuwa 97, na vyote viliandikwa na Reinecker.

Nadhani kazi yake bora iko hapa, kuliko katika Derrick. Nje, wanafunzi walikuwa mabarabarani wakiwauliza wazazi wao walifanya nini wakati wa vita. Ndani ya televisheni, Keller aliingia katika nyumba za wenye mali, kwenye baa za vijana, kwenye vyumba vya wanamuziki na watumiaji wa dawa za kulevya, akaketi na kusikiliza. Alikuwa baba ambaye hakuna aliyemwuliza alikuwa wapi mwaka 1943. Kwa kizazi kilichogombana na baba zake, huo ulikuwa upatanisho wa bei nafuu, na si ajabu kwamba uliwapendeza wazee na vijana pia. Waongozaji kama Zbyněk Brynych, aliyetoka Czechoslovakia, waliichukua miswada hiyo na kuipiga picha kwa namna ya ajabu, kamera ikizunguka na muziki ukipigwa mpaka ukapita kiasi, hata vipindi vingine vinaonekana leo kama ndoto zaidi kuliko hadithi za polisi.

Kabla Der Kommissar haujaisha, Ringelmann na Reinecker walikuwa wameanza mwingine. Derrick ulionyeshwa kwa mara ya kwanza tarehe 20 Oktoba 1974. Msaidizi wa Derrick, Harry Klein, aliyechezwa na Fritz Wepper, alihamishwa tu kutoka kikosi cha Keller, na pengo lake kule likazibwa na Elmar Wepper, ndugu yake Fritz katika maisha na ndugu yake Harry katika hadithi. Vipindi vya mwanzo vilimwonyesha mtazamaji muuaji tangu dakika za awali, ili swali liwe si nani ameua bali mpelelezi atamfikiaje. Watazamaji wengi hawakuupenda mtindo huo, kwani walitaka kubahatisha, na baada ya muda mfululizo ukarudi katika utaratibu waliouzoea.

Ulidumu hadi tarehe 16 Oktoba 1998, vipindi 281. Reinecker aliviandika vyote. Alipoanza alikuwa anakaribia miaka 60, na alipomaliza alikuwa anakaribia 84. Ukijumlisha na vile vya Keller, mtu huyu mmoja aliandika saa 378 hivi za upelelezi, na katika kipindi cha kati ya 1974 na 1976 aliandika mifululizo miwili kwa wakati mmoja. Pembeni ya hiyo aliandika mengine, ikiwemo Jakob und Adele, hadithi tulivu ya wazee wawili wanaopendana, iliyowapendeza hata waliomdharau kwa upelelezi wake.

Inawezekanaje? Jibu la kwanza liko katika umbo la vipindi vyenyewe. Kipindi cha saa moja cha Reinecker kina mandhari machache: sebule, ofisi, baa, labda njia ya msituni mahali maiti ilipookotwa. Watu huingia, huketi, huzungumza. Kukimbizana kwa magari ni nadra, na risasi hupigwa mara chache. Mswada wa namna hiyo hauhitaji utafiti wa muda mrefu wala safari. Unahitaji mgongano wa watu wanne au watano na siri moja kati yao. Kwa mtayarishaji ulikuwa rahisi kuutekeleza, na kwa kuwa kila jukumu lilikuwa na maneno ya kutosha, waigizaji wakubwa wa jukwaani na wa sinema, Maria Schell akiwa mmoja wao, walikubali kuja kwa siku chache.

Jibu la pili liko katika mazungumzo yake, ambayo Wajerumani waliyafanyia mzaha kwa miongo. Wahusika wa Reinecker hurudia. Mpelelezi anauliza: ulimwona? Mshukiwa anajibu: kama nilimwona? Mpelelezi: ndiyo, nakuuliza kama ulimwona. Mshukiwa: ndiyo, nilimwona. (Mfano huu nimeutunga mimi, lakini aliyewahi kutazama vipindi viwili vitatu atautambua.) Wakosoaji walisema huko ni kujaza dakika, na mara nyingine kweli ilikuwa hivyo. Lakini kurudia huko kuna kazi. Humpa mtazamaji anayepika au anayepiga pasi nafasi ya kufuatilia bila kutazama, humpa mwigizaji muda wa kuonyesha hofu inavyopanda, na huifanya tamthilia iwe rahisi kutafsiriwa na kuingizwa sauti za lugha nyingine, jambo lisilo dogo kwa mfululizo ulioishia kuonekana kuanzia Norway hadi China. Vichekesho vya maneno, lahaja za mitaani na siasa za mkoa havisafiri. Sentensi fupi kuhusu hatia na woga husafiri.

Kuna kiroja kimoja katika suala hili la maneno. Sentensi inayojulikana zaidi kuhusu mfululizo huo, ile ya Derrick kumwambia Harry akalete gari, haikutamkwa hata mara moja katika Derrick kwa namna watu wanavyoinukuu. Mwandishi aliyeandika kila neno la vipindi 281 anakumbukwa kwa sentensi ambayo haimo ndani yake.

Jibu la tatu, nalo ndilo muhimu zaidi, ni la kimfumo. Mwandishi wa televisheni nchini Ujerumani haandiki kwa ajili ya msomaji. Huandika kwanza kwa ajili ya mhariri wa shirika la utangazaji, kisha mtayarishaji, kisha mwongozaji, na kila mmoja ana haki ya kudai mabadiliko. ZDF hulipia kutokana na ada ya utangazaji inayotozwa kwa wananchi, na kampuni binafsi ya mtayarishaji hutengeneza kwa agizo. Katika mnyororo huo mwandishi ni mtu wa mwanzo na ndiye anayesahaulika kwanza. Reinecker alinusurika kwa kuwa mnyororo wake ulikuwa mfupi mno: yeye, Ringelmann na shirika lililokuwa likipata watazamaji wengi kiasi kwamba halikuwa na sababu ya kuingilia. Hakuwa na timu ya waandishi, na hakuna aliyekaa naye mezani kumwambia kwamba wiki tatu zilizopita aliua kwa njia hiyo hiyo.

Ndiyo maana pia udhaifu wake haukurekebishwa. Kadiri miaka ilivyosonga, Derrick alizidi kuhubiri. Hana mke anayedumu, hana deni, haumwi, hana rafiki nje ya kazi. Anazunguka kama dhamiri iliyovaa suti, akiwasikitikia watu walioangushwa na uroho au mapenzi. Vijana wa miaka ya 1990 katika vipindi hivyo huzungumza kama vijana waliobuniwa na babu yao. Mwanazuoni wa Italia Umberto Eco aliuona mvuto wa mfululizo huo hasa katika ukawaida wake, kwamba hakuna chochote ndani yake kinachomfanya mtazamaji ajione duni. Ni kweli, ingawa ukawaida huo una upande mwingine ambao haupaswi kupitwa.

Hatia katika hadithi za Reinecker huwa ya mtu binafsi daima. Mtu mmoja, usiku mmoja, anaishiwa nguvu na kufanya ubaya. Wanaomzunguka wanajua au wanashuku, lakini wananyamaza. Kunyamaza huko kwa familia, kwa majirani na kwa wafanyakazi wenza, ndiyo mada aliyoirudia kuliko zote, na aliiandika kwa ufahamu wa mtu anayejua jinsi kunyamaza kunavyofanyika. Lakini hatia ya taifa zima, ya ofisi zilizogonga mihuri na ya magazeti yaliyoandika, karibu haimo. Hakika si haki kumgeuza mtunzi kuwa mshtakiwa kila anapoandika kuhusu uhalifu, na miswada yake haiwezi kusomwa yote kama ungamo lililofichwa. Bado ni vigumu kutoona kwamba mtu aliyeandika makala katika gazeti la SS alitumia miaka 30 akiieleza Ujerumani kwamba uovu ni udhaifu wa nafsi moja moja, ambao ofisa mwenye huruma anaweza kuufikisha mwisho kabla saa haijaisha.

ARD ilichukua njia nyingine tangu mapema. Tarehe 29 Novemba 1970 ilianzisha Tatort, mfululizo ambao kila shirika la mkoa lina wapelelezi wake, mji wake na waandishi wake. Mswada wa kwanza uliandikwa na Friedhelm Werremeier. Tangu hapo waandishi wengi wamepita, wengine wakiandika kipindi kimoja tu, wengine kama Felix Huby, aliyembuni mpelelezi Bienzle wa Stuttgart, wakirudi mara nyingi. Faida yake ni kwamba Tatort iliweza kubadilika pamoja na nchi, ikizungumzia viwanda vinavyofungwa, wahamiaji, ufisadi na, ndiyo, Wanazi wa zamani. Gharama yake iliwaangukia waandishi, kwa kuwa mtu anayeweza kubadilishwa kila kipindi ana sauti ndogo katika majadiliano.

Malalamiko hayo yalipamba moto mwezi wa Juni 2018, waandishi wa miswada wa Ujerumani, Annette Hess na Kristin Derfler wakiwa miongoni mwao, walipotangaza azimio waliloliita Kontrakt 18. Walisema hawatasaini tena mkataba usiowapa haki ya kushiriki katika kumchagua mwongozaji, kualikwa waigizaji wanapousoma mswada pamoja kwa mara ya kwanza, kuona toleo la awali la uhariri wa picha, na kutajwa kwa jina pale kazi inapotangazwa kwa umma. Ukiyasoma madai hayo unaona jinsi hali ilivyokuwa: watu walilazimika kudai kwa maandishi kuruhusiwa kuiona kazi yao kabla taifa halijaiona.

Reinecker hakuishi kuyasikia hayo. Baada ya Derrick kuondoka Munich kwenda kazi mpya katika Europol, shirika la polisi la Umoja wa Ulaya, Reinecker alichangia miswada ya mwanzo ya Siska, mfululizo uliorithi nafasi hiyo ya Ijumaa, kisha akapumzika. Alifariki tarehe 27 Januari 2007 huko Berg, kando ya ziwa la Starnberg kusini mwa Munich, akiwa na miaka 92, miaka sita kabla ya vipindi vyake kuondolewa hewani kwa sababu ya mtu mwingine.